Rochester mpaka Salt Lake kwa gari, tukifuata makaratasi ya mwanzo wa Wamormoni

Ijumaa usiku, Rochester

Shemeji kapata kazi Utah, dada na watoto wametangulia kwa ndege, gari limebaki hapa na mimi ndo nimeangukiwa na jukumu la kusaidia kuliendesha mpaka Salt Lake City. Nimekubali haraka kuliko alivyotegemea, kwa sababu ukiangalia ramani hiyo njia yote ni njia ya Wamormoni, walianzia huku New York wakafukuzwa fukuzwa mpaka wakafika jangwani kule, na mimi hii mada naisoma muda mrefu tu.

Shemeji ni Mkamba wa Makueni, kwao waliingia Kanisa la Yesu Kristo la Watakatifu wa Siku za Mwisho, ndo hao Wamormoni, mapema sana, kabla kanisa halijasajiliwa rasmi Kenya mwaka 1991. Mimi mtoto wa Tanga, madrasa nimesoma, na pale madrasa kitu kimoja tulichokaririshwa ni kwamba hadithi ya Mtume unauliza kwanza imepokewa kutoka kwa nani. Sasa nikisoma habari za Joseph Smith, mwanzilishi wa Wamormoni, nafanya hivyo hivyo, kabla ya kuuliza ni kweli au uongo nauliza kaandika nani na kaandika miaka mingapi baada ya tukio. Shemeji kasema sawa uliza utakavyo, ila kwenye gari muziki nachagua mimi. Tumekubaliana. Dada aliacha chapati kwenye friza, zimepakiwa.

Jumamosi, Palmyra

Kutoka Rochester ni karibu tu, hata chai haijashuka tumboni tumefika. Mji mdogo, barabara kuu moja, na kwenye njia panda yake kuna makanisa manne kila kona moja, Presbiteri, Methodisti, Baptisti na Episkopali. Majengo yenyewe yamejengwa baada ya enzi za Joseph lakini picha unaipata, hapa miaka ya 1820 wahubiri walikuwa wanagombania watu. Mfereji wa Erie ulikuwa unachimbwa kupita hapa, ukakamilika 1825, watu wanaingia wanatoka, hela inazunguka, na kila mtu ana ndoto na maono yake. Familia ya Smith walikuja toka Vermont, masikini, shamba lenyewe wakalipoteza.

Tumekwenda kwanza kwenye kile kijisitu wanachokiita Kijisitu Kitakatifu, nyuma ya nyumba ya familia. Miti mirefu, njia zimefagiliwa, watu wanaongea kwa sauti ya chini. Hapa ndo wanasema mwaka 1820 Joseph, kijana wa miaka 14, aliomba ajue kanisa gani ni la kweli akatokewa. Shemeji alikaa kwenye benchi kama nusu saa, nikamwacha na mambo yake.

Tuliporudi kwenye gari ndo tukaanza. Ono la Kwanza, ndo wanavyoliita lile la kijisituni, tukio 1820, andiko la mwanzo kabisa tulilonalo ni la 1832. Miaka 12. Halafu kuna la 1835, ambalo alimsimulia mgeni mmoja wa ajabu aliyefika Kirtland, Ohio, akijiita Joshua, karani akaandika kwenye shajara. La 1838 ndo hili rasmi lililomo ndani ya Lulu ya Thamani Kuu, moja ya vitabu vyao vya maandiko. Halafu la 1842, lile la barua kwa mhariri wa gazeti Chicago, John Wentworth. Kuchapishwa kwa umma mara ya kwanza ni 1840, tena Edinburgh huko Scotland, kwenye kijitabu cha Orson Pratt, mtume wa kanisa! Na hayafanani kabisa kabisa. La 1832 anasema alimwona Bwana, na jambo kubwa ni kusamehewa dhambi zake. La 1835 kuna malaika wengi. La 1838 ni Baba na Mwana wawili, na swali ni kanisa lipi nijiunge nalo.

Shemeji akasema mtu akisimulia ajali aliyopata, kwa polisi anasema hivi, kwa mama yake anasema vingine, ajali ni ile ile. Ni hoja, sikatai. Lakini na wanaosema hadithi ilikua kadiri kanisa lilivyokua nao wana hoja, na ubaya ni kwamba mwaka 1820 wenyewe hakuna aliyeandika chochote, kwa hiyo wote wawili tunaangalia moshi tu.

Kinyume chake sasa kuna karatasi ya wakati ule ule. Kaka mkubwa wa Joseph, Alvin, alifariki Novemba 1823. Kaburi lake lipo hapa mjini, tumelitembelea. Septemba 1824 gazeti la Palmyra, Wayne Sentinel, likatoa tangazo la baba yao. Mzee Smith anasema zimezagaa habari kwamba mwili wa mwanangu umefukuliwa ukachanwa chanwa, na habari hizo zinaumiza wazazi, kwa hiyo asubuhi ya tarehe 25 nimekwenda na majirani tumefukua kaburi tukakuta mwili haujaguswa. Fikiria mzazi anachimbua kaburi la mtoto wake ili tu awanyamazishe wambea wa kijijini halafu analipia tangazo. Hilo tangazo halisemi neno juu ya malaika wala mabamba ya dhahabu ambayo Joseph alisema Kitabu cha Mormoni kimetoka humo, ila mimi linaniambia kuhusu maisha ya hii familia hapa Palmyra kuliko vitabu vingi, watu walikuwa wanawasema, na wanawasema vibaya.

Mchana tumeingia kwenye jengo la Grandin, kiwanda cha uchapaji ambacho sasa ni makumbusho, bure, wanakuzungusha. Hapa ndo Kitabu cha Mormoni kilichapwa, nakala 5,000 kwa dola 3,000, na aliyeweka shamba lake rehani kulipia ni Martin Harris, ambaye mkewe alikuwa hataki hata kusikia. Kikatoka Machi 1830. Ghorofani kuna mashine ya kupiga chapa kama ile, na herufi za risasi moja moja kwenye visanduku vya mbao, unaambiwa zinapangwa kinyume. Mpangaji alikuwa John Gilbert, na yeye alikuja kuandika kumbukumbu zake 1892 akiwa kikongwe. Anasema Hyrum Smith, kaka wa Joseph, alikuwa analeta kurasa chache chache kazificha ndani ya koti, na muswada haukuwa na nukta wala mkato, mwanzo mpaka mwisho, yeye Gilbert ndo akaweka alama zote kwa penseli. Miaka 60 baadaye hiyo, lakini hapa namwamini, maana muswada wenyewe wa mpiga chapa bado upo na ukiutazama unaona alama zimeongezwa kwa penseli. Huo muswada kanisa liliununua 2017 kwa dola milioni 35 toka kwa Community of Christ, yaani tawi la wale ambao hawakumfuata Brigham Young, kiongozi aliyewapeleka wengine Utah baada ya Joseph kuuawa.

Kitu kingine, ukurasa wa kichwa wa toleo la 1830 umeandikwa Joseph Smith Junior, mwandishi na mmiliki. Toleo la 1837 likabadilishwa likasema mtafsiri. Wapinzani wanakipenda sana hiki kipande, ila sheria ya hakimiliki ya Marekani ya wakati ule ilikuwa inatambua mwandishi na mmiliki kwa maneno hayo hayo, na fomu aliijaza. Mimi siwezi kujenga nyumba juu ya hilo.

Jioni kilima cha Cumorah, ambapo Joseph alisema alichukua mabamba Septemba 22, 1827. Kilima cha kawaida, majani yamekatwa vizuri, kuna mnara juu wa malaika Moroni, ambaye Joseph alisema ndo alimwonyesha mabamba. Zamani walikuwa wanafanya igizo kubwa hapa kila kiangazi, la mwisho lilikuwa 2019. Upepo ulikuwa mkali tukashuka.

Jumapili, Fayette halafu Ohio

Shemeji hawezi kukosa mkutano wa sakramenti hata nchi ipinduke, kwa hiyo nikaingia naye nikakaa nyuma. Mkate na maji, siyo divai. Baadaye tumepita shamba la Whitmer Fayette, ambapo kanisa liliundwa Aprili 6, 1830. Kuna nyumba ya magogo waliyoijenga upya, tumekaa dakika 20 tu.

Njiani kuelekea Ohio tukabishana juu ya uchimbaji wa hazina. Kabla ya mabamba Joseph alikuwa anaajiriwa kutafuta vitu vilivyofichwa ardhini kwa kutumia jiwe, na yeye mwenyewe kwenye historia yake anakubali kwamba alifanya kazi kwa mzee Josiah Stowell kuchimba mgodi wa fedha wa Wahispania. Watu waliokuwa wanasema alifikishwa mbele ya hakimu kwa hilo walikuwa wanabishiwa miaka na miaka, mpaka 1971 ikapatikana hati ya gharama ya hakimu Albert Neely, tarehe Machi 20, 1826, Joseph Smith mtazama kioo, dola 2 na senti 68. Hakimu anayedai gharama hana ugomvi na mtu, anataka hela yake tu. Karatasi kama hizo mimi ndo napenda, za mtu asiyekuwa na habari kwamba anaandika historia.

Shemeji hakukasirika. Akasema kanisa lenyewe lilishatoa picha ya lile jiwe 2015, la kahawia lenye michirizi, kwani wewe ulidhani hatujui? Kusema kweli wengi kwao hawajui, lakini yeye anajua.

Jumatatu, Kirtland

Karibu na Cleveland. Hekalu la Kirtland ni jengo refu jeupe, liliwekwa wakfu Machi 27, 1836, na lilikuwa mikononi mwa Community of Christ mpaka Machi 2024 kanisa la Utah lilipolinunua pamoja na majengo ya Nauvoo na nyaraka kadhaa kwa dola milioni 192 na nusu. Ndani mimbari zimepangwa ngazi ngazi upande huu na upande ule, na viti vya waumini vimetengenezwa ili ugeuke unakotaka.

Hapa kuna jambo ambalo kwa sisi weusi huwezi kulipita. Mwaka huo wa 1836, hapa hapa Kirtland, mtu mweusi anaitwa Elijah Able alitawazwa kuwa mzee wa kanisa, ana ukuhani kamili. Joseph yuko hai. Halafu 1852, Joseph keshakufa, Brigham Young anatangaza weusi hawapewi ukuhani, na ikakaa hivyo mpaka Juni 1978. Miaka 126! Shemeji akanyamaza kidogo akasema baba yangu alipobatizwa hakuambiwa hilo, mimi nimelijua nikiwa chuo, nilikaa miezi siendi kanisani. Sikumuuliza kilichomrudisha, hiyo ni yake.

Mchana nikamwomba tuendeshe mpaka Painesville, mji wa jirani, hakuna cha kuona kule lakini nilitaka tu kupita. Ni mji wa Eber Howe, mwenye gazeti la Painesville Telegraph, ambaye 1834 alichapa kitabu cha kwanza kikubwa cha kuwapinga Wamormoni, Mormonism Unvailed, kaandika hivyo hivyo na herufi a. Mke wake na dada yake walikuwa wamejiunga, kwa hiyo ugomvi ulikuwa wa nyumbani kabisa. Aliyekusanya ushahidi anaitwa Doctor Philastus Hurlbut, na Doctor siyo cheo, ni jina alilopewa na wazazi. Huyu alikuwa muumini akafukuzwa kanisani 1833, akamtishia Joseph, mahakama ikamwekea dhamana asivunje amani. Katikati ya hayo yote akasafiri kurudi Palmyra akawasainisha majirani viapo. Watu 51 walitia sahihi kwenye kimoja wakisema akina Smith ni watu wasiofaa. Sasa ukisoma vile viapo maneno yanafanana fanana kupita kiasi, unaona kabisa kalamu ni moja. Lakini huwezi kuvitupa vyote pia, maana habari ya kuchimba hazina imo mle, na tumeshaona hati ya hakimu.

Howe na Hurlbut ndo waliosambaza pia nadharia kwamba Kitabu cha Mormoni kiliibwa kutoka kwenye hadithi ya mchungaji mmoja marehemu, Solomon Spaulding, aliyefariki 1816. Nadharia hii ilitamba miaka 50, kila mpinzani anairudia, na muswada wenyewe haujulikani uliko. Mpaka 1884, unajua ulipatikana wapi? Honolulu! Mzee mmoja anaitwa Rice ndo alilinunua lile gazeti la Howe zamani, akahamia Hawaii na makaratasi yake, akawa anapekua akaukuta. Ni hadithi ya Warumi waliopeperushwa na dhoruba mpaka Amerika. Haifanani. Sasa upo chuo cha Oberlin, huku huku Ohio. Cha ajabu kuna watu mpaka leo hawajaiachia ile nadharia, wanasema basi kulikuwa na muswada mwingine.

Na kuna maiti zilizokaushwa za Misri ya kale, nazo zilinunuliwa hapa Kirtland 1835, nne pamoja na mafunjo, yaani karatasi za kale za Kimisri, dola 2,400, ndo kikatoka Kitabu cha Ibrahimu, ambacho Joseph alisema amekitafsiri kutoka humo. Vipande vya mafunjo vilikuja kuonekana kwenye jumba la makumbusho New York vikarudishwa kwa kanisa 1967, na wataalamu wa maandishi ya Misri ya kale, wakiwemo Wamormoni, wamevisoma wakasema ni maandishi ya kawaida ya kuzikia wafu. Hapa shemeji hana jibu na anasema hana.

Jumanne

Indiana, Illinois. Mahindi. Chapati zimeisha.

Jumatano, Nauvoo na Carthage

Nauvoo ni pazuri jamani. Mto Mississippi unapinda hapa mpana kama ghuba, na mji wa chini wamejenga upya, fundi viatu, mhunzi, mafarasi. Ulipofika 1844 ulikuwa unashindana na Chicago kwa watu.

Tumesimama pale ilipokuwa ofisi ya gazeti la Nauvoo Expositor. Lilitoka mara moja tu, Juni 7, 1844, likiandikwa na waumini waliojitenga, akina William Law, na walichokisema ni kwamba viongozi wanafundisha na kufanya mitala kwa siri. Tarehe 10 baraza la mji, Joseph akiwa meya, likaamuru mtambo uvunjwe. Ukavunjwa. Kilichofuata ni kukamatwa, jela ya Carthage, na Juni 27 saa 11 jioni kundi la watu waliojipaka masizi usoni likapanda ngazi likawaua Joseph na Hyrum. Nachotaka kusema ni hiki, lile gazeti lilikuwa na chuki na lilikuwa na maneno makali, lakini kwenye jambo la mitala lilikuwa linasema kweli. Ufunuo wa ndoa za wake wengi uliandikwa na karani William Clayton Julai 12, 1843, ukafichwa, ukatangazwa 1852. Adui anaweza kuwa shahidi wako mzuri, shida ni kumchuja.

Na rafiki naye anachujwa. Emma, mke wa Joseph, hakwenda Utah, alibaki hapa Nauvoo akaolewa tena, kaburi lake lipo pale kando ya mto na Joseph na Hyrum. Februari 1879, miezi michache kabla hajafa, mwanawe alimhoji. Akasema alikuwa anamwandikia Joseph wakati wa kutafsiri, Joseph kaweka uso ndani ya kofia yenye jiwe, anatamka saa nzima nzima, hana kitabu wala karatasi ya kunakili. Wamormoni wanaupenda huo ushuhuda, kwa nini wasiupende. Sasa kwenye mahojiano hayo hayo, siku hiyo hiyo, Emma akasema mume wangu hakuwahi kuwa na mke mwingine. Na kanisa lenyewe leo linakubali kwamba alikuwa nao. Nikamwambia shemeji, shahidi mmoja, kikao kimoja, nusu unaichukua nusu unaitupa, kwa kanuni gani? Akafikiri muda mrefu, tukafika mpaka kwenye maegesho. Akasema, la kofia hakuwa na sababu ya kudanganya, la wake alikuwa nayo, alikuwa anamlinda mtoto. Mimi naona hilo ni jibu zuri kuliko nililolisoma kwa wasomi wengi.

Alichoongeza David Whitmer kinamsaidia. Huyu ni mmoja wa Mashahidi Watatu, watu waliosema walionyeshwa mabamba, alitolewa kanisani 1838 hakurudi tena mpaka kufa, na 1887 akachapa kijitabu cha kumsema Joseph kwamba alipotoka. Ndani ya kijitabu hicho hicho anaeleza jiwe na kofia, na anashikilia kwamba ushuhuda wake wa mabamba haujabadilika. Mtu amegombana na kanisa nusu karne na bado hakuufuta. Wote watatu waligombana na Joseph, wawili wakarudi, na hakuna aliyesema tulidanganya. Wasioamini wanasema walichokiona ni cha rohoni siyo cha macho, na Martin Harris, naye mmoja wa hao watatu, kuna watu wamemnukuu akiongea namna hiyo. Unabaki hapo.

Muswada wa kwanza kabisa wa Kitabu cha Mormoni nao ulikuwa hapa. Joseph aliuweka 1841 ndani ya jiwe la msingi la jengo la Nauvoo House, kama hazina. Mume wa pili wa Emma, Lewis Bidamon, akaja kulifungua 1882, maji yalishaingia, karatasi zimeoza zimegandana. Imesalia kama asilimia 28. Bidamon akawa anawagawia wageni vipande kama zawadi.

Carthage ni nusu saa. Jela ni nyumba ya mawe ya ghorofa mbili, unaingia chumba chenyewe, mlango una tundu la risasi. Waliopona ni John Taylor aliyejeruhiwa vibaya na Willard Richards, na Richards ndo aliandika taarifa ya zile dakika, ikachapwa mwezi uliofuata. Taylor naye hakuficha kwamba Joseph alikuwa na bastola akafyatua. Dirisha alikoangukia ni dogo, nimelipima kwa mkono. Tulikuwa sisi na familia moja ya Kibrazili, mtoto wao analia.

Alhamisi, Iowa na Nebraska

Siku ya barabara kuu ya I-80 tu. Februari 1846 Wamormoni walianza kuvuka mto kutoka Nauvoo na iliwachukua zaidi ya mwaka kufika Salt Lake, Julai 1847. Sisi tunalalamika kiyoyozi.

Nikamsimulia habari ya Mark Hofmann, alikuwa anaijua juu juu. Huyu alikuwa mfanyabiashara wa nyaraka za kale Salt Lake, mmormoni kwa jina, moyoni alishaacha. Miaka ya 1980 kila baada ya muda anaibuka na barua ya ajabu. Kubwa ni ile iliyodaiwa Martin Harris aliiandika Oktoba 1830, inasema aliyemtokea Joseph kilimani siyo malaika ila mjusi mweupe aliyegeuka. Ikanunuliwa dola 40,000, magazeti yakachanganyikiwa, wasomi wakaanza kuandika upya historia. Oktoba 15, 1985 mabomu mawili yakaua watu wawili, aliyenunua barua na mama mmoja asiyehusika, kesho yake bomu la tatu likamlipukia Hofmann mwenyewe ndani ya gari. Alikuwa anadaiwa na anaogopa kuumbuliwa. Wapelelezi wakaweka wino chini ya darubini wakakuta umepasuka pasuka kama ngozi ya mamba, kwa sababu alikuwa anauzeesha kwa kemikali. Akakiri 1987, yuko ndani maisha.

Sehemu ninayoipenda ni hii, mmoja wa watu wa mwanzo kutilia shaka ile barua hadharani alikuwa Jerald Tanner, mpinzani mkubwa wa kanisa, mtu ambaye barua ingemsaidia kuliko wote. Alisema inafanana mno na yaliyomo kwenye kitabu cha Howe, na kweli mle kuna kiapo cha jirani kinachosema kulikuwa na kitu kama chura kikageuka mtu. Akasema hata kama inatufaa, inanuka. Hao ndo wasomaji.

Usiku karibu na North Platte shemeji akanigeuzia kibao. Shem, akasema, wewe kila siku miaka 12 miaka 12, huyo Bukhari wenu aliyekusanya hadithi za Mtume alifariki mwaka gani? Nikamwambia 870. Na Mtume? 632. Akaongeza sauti ya redio. Nikaanza kumweleza wapokezi, kwamba kila hadithi ina mnyororo wa majina, fulani kutoka kwa fulani, na watu walitumia maisha yao kuchunguza nani mkweli nani msahaulifu. Akasema hata sisi tuna majina. Tumebishana mpaka kituo cha mafuta.

Ijumaa na Jumamosi

Wyoming, upepo, malori yamelala ubavu. Jumamosi tumeingia Salt Lake, dada kapika pilau, nimelala Jumapili nzima wao wakienda kanisani.

Jumatatu, Salt Lake City

Maktaba ya Historia ya Kanisa ipo katikati ya mji karibu na hekalu, ilifunguliwa 2009, unaingia bure, unajiandikisha kwa kitambulisho. Zamani milango hii ilikuwa migumu. Fawn Brodie alipoandika maisha ya Joseph 1945 akaishia kutengwa na kanisa mwaka uliofuata, na Leonard Arrington aliyekuwa mwanahistoria wa kanisa kuanzia 1972 alifungua mafaili kwa miaka kadhaa halafu wakubwa wakaogopa. Sasa wamebadilika, kati ya 2008 na 2023 wametoa juzuu 27 za nyaraka za Joseph Smith, na zimewekwa mtandaoni, mwandiko halisi kushoto na chapa kulia, makosa ya tahajia yote yameachwa.

Hiyo ni muhimu kuliko inavyosikika, maana ile Historia ya Kanisa ya juzuu nyingi waliyoisoma waumini miaka mia, inayosema mimi Joseph nilifanya hivi, sehemu kubwa iliandikwa na makarani baada ya yeye kuuawa, wanachukua shajara za watu wengine wanageuza yeye kuwa mimi. Walimaliza 1856. Ilikuwa kawaida ya waandishi wa wakati ule, lakini mtu wa Makueni au wa Tanga atajuaje.

Tukafungua ile ya 1832 kwenye kompyuta. Kurasa sita tu. Mwandiko unabadilishana, mara karani Frederick Williams mara Joseph mwenyewe, na ukifika kwake unajua, mistari inapanda, sentensi haiishi, spelingi anaandika anavyosikia. Karne ya 20 kuna mtu alizikata hizo karatasi tatu kutoka kwenye daftari lake, zikakaa pembeni, baadaye zikarudishwa, na wasomi wakaanza kuziona 1965. Mkato unauona kwenye picha, upande wa ndani hauko sawa. Shemeji akavuta picha ikawa kubwa, akasoma polepole pale kijana anaposema anahuzunika kwa dhambi zake na za dunia. Akasema hii naipenda kuliko ile rasmi. Kwa nini waliikata? Nikamwambia aliyekata hakuacha maelezo.

Halafu nikamwonyesha ya mama Lucy, mama wa Joseph, aliyesimulia kumbukumbu zake mwaka 1844 na 1845 baada ya kuzika wanawe, Martha Coray akiandika. Ilichapwa Liverpool 1853, na 1865 Brigham Young akaamuru nakala zirudishwe ziharibiwe, akidai ina makosa. Shemeji akaniangalia. Mama wa nabii mwenyewe? Akaenda kumuuliza mhudumu wa maktaba, nikadhani ataambiwa maneno ya kupoza, lakini yule mama akajibu moja kwa moja kwamba ndiyo iliamriwa, ugomvi ulikuwa pia na Orson Pratt aliyeichapa bila ruhusa na sifa alizopewa mtoto wa Lucy, William, na kama tunataka rasimu ya kwanza ya 1844 na 1845 ipo ambayo haijapigwa pasi, na kuna toleo limeziweka mbili sambamba.

Kaiagiza hapo hapo kwenye simu kabla hatujatoka nje, na dada ameshaanza kuuliza hela ya kabati la watoto imekwenda wapi.